Wanachama Wanataka Kukung'oa Kitini: Namna ya Kupinga Mahakamani Mombasa, Hatua kwa Hatua

Kila msimu wa mikutano mikuu maswali huwa ni yale yale. Je, wanaweza kuniondoa kabla muhula wangu haujakwisha? Je, jaji anaweza kusimamisha mkutano wa kesho? Je, niende kwa chifu, kwa polisi, au mahakamani moja kwa moja? Wanaouliza ni wenyeviti, makatibu na waweka hazina waliochaguliwa kwa kura za wenzao, kuanzia Likoni na Mtongwe hadi Tudor na Bamburi: viongozi wa vikundi vya usimamizi wa ufuo, ambavyo sote tumezoea kuviita BMU, wa kamati za maji na wa vyama vya wakaazi. Mwongozo huu ni wako ikiwa wewe ni mmoja wao na hujawahi kufungua kesi maishani.

Tuondoe kwanza mkanganyiko mmoja. Nchini Tanzania mwenyekiti wa kijiji na halmashauri yake huchaguliwa na wanakijiji. Nchini India mabaraza ya vijiji yaitwayo panchayati yana nafasi yao katika katiba ya nchi tangu marekebisho yaliyoanza kutumika mwaka 1993, na kesi za wenyeviti wanaopinga kura za kutokuwa na imani ni jambo la kawaida katika mahakama kuu za huko. Kwetu Kenya, Sheria ya Serikali za Kaunti ya mwaka 2012 inatambua baraza la kijiji lenye wazee watatu hadi watano, lakini wazee hao huteuliwa na msimamizi wa kijiji kwa idhini ya bunge la kaunti, hawapigiwi kura. Mwakilishi wadi naye ana sheria zake, kwa kuwa kiti chake huwa wazi kwa sababu zilizotajwa katika kifungu cha 194 cha Katiba, kama vile kukosa vikao vinane vya bunge bila ruhusa ya spika kwa maandishi na bila maelezo ya kuridhisha. Ninaowaandikia hapa ni viongozi wa vikundi vya mashinani, na mfano nitakaourudia ni mwenyekiti wa BMU, kwa sababu huko ndiko migogoro inakochemka zaidi katika ukanda wetu.

Nadharia unayoihitaji ni ndogo. Katika kesi ya Baraza la Manispaa ya Mombasa dhidi ya Jamhuri na Umoja Consultants, iliyoamuliwa na Mahakama ya Rufani mwaka 2002, majaji walieleza kwamba katika mapitio ya kimahakama, mahakama huangalia namna uamuzi ulivyofikiwa: je, aliyeamua alikuwa na mamlaka, je, walioathirika walisikizwa, je, mambo yaliyostahili kuzingatiwa yalizingatiwa. Haikai kama mahakama ya rufani kupima kama uamuzi wenyewe ulikuwa mzuri. Kwa hivyo, ukiingia mahakamani kueleza ulivyonunua boya na ulivyopigania bei ya samaki, unapoteza muda. Jaji anataka kujua notisi ilitolewa lini, na nani, na ilisema nini.

Unachohitaji kabla ya kuanza

Usifungue kesi kabla hujakusanya vitu hivi, au angalau kabla hujaviomba kwa maandishi:

- Katiba ya kikundi au sheria ndogo zake, nakala ile iliyosajiliwa. Nakala inayozunguka kwenye simu ya katibu mara nyingi ni rasimu ya zamani.
- Hati ya usajili wa kikundi.
- Ushahidi kwamba ulichaguliwa: kumbukumbu za mkutano wa uchaguzi, na barua au fomu ya afisa aliyeusimamia.
- Notisi ya mkutano wa kukuondoa, pamoja na maelezo ya siku na njia uliyoipata.
- Kumbukumbu za mkutano huo, orodha ya mahudhurio na hesabu ya kura, ikiwa mkutano umeshafanyika.
- Sajili ya wanachama, kwa sababu bila hiyo huwezi kuthibitisha akidi, yaani idadi ya chini ya wanachama wanaotakiwa kuwapo ili mkutano uwe halali.
- Kitambulisho, anwani ya barua pepe unayoifungua kila siku, na fedha za ada, kiapo, tafsiri na nakala.

Wakikunyima karatasi, omba kwa barua na ubaki na nakala iliyotiwa sahihi ya kupokelewa. Kifungu cha 35 cha Katiba na Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya mwaka 2016 vinakupa haki ya kuomba, na jibu hutakiwa ndani ya siku 21. Tena Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya mwaka 2015 inasema kwamba aliyetakiwa kutoa sababu za uamuzi wake akashindwa, uamuzi huo huchukuliwa kuwa ulifanywa bila sababu nzuri hadi ithibitishwe vinginevyo. Barua moja isiyojibiwa inaweza kukufaa mahakamani kuliko mashahidi kumi.

Hatua ya 1: Hesabu siku na hesabu watu

Keti na katiba ya kikundi na kalamu. Tafuta vifungu vinne: nani ana mamlaka ya kuitisha mkutano maalumu, notisi ni ya siku ngapi, akidi ni watu wangapi, na kiasi gani cha kura kinatosha kumwondoa kiongozi. Kisha linganisha na yaliyotokea.

Tuchukue mfano wa kubuni. Kikundi kina wanachama 90. Katiba yake inataka notisi ya siku 14, na kura ya theluthi mbili. Notisi ilibandikwa kwenye nguzo ya banda la samaki siku ya Ijumaa, tarehe 3, na mkutano ukafanyika Alhamisi, tarehe 9. Hapo tayari una hoja. Sasa nenda kwenye kura: waliohudhuria ni 58, na wote walinyosha mkono. Ikiwa katiba inasema theluthi mbili ya wanachama wote, zilihitajika kura 60 na hoja ilianguka, hata kama ukumbi mzima ulishangilia. Ikiwa inasema theluthi mbili ya waliohudhuria, kura 39 zilitosha, na hoja hiyo huna. Neno moja tu ndilo linaloamua, kwa hivyo lisome polepole.

Orodha ya mahudhurio ichunguze jina kwa jina. Tazama majina yaliyoandikwa kwa mwandiko mmoja na kalamu moja mfululizo, sahihi za watu waliokuwa baharini siku hiyo, marehemu ambao hawajafutwa kwenye sajili, na wageni waliohesabiwa kama wanachama. Manahodha na mabaharia wakiwa wametoka na bamvua, na mkutano ukaitwa saa hizo hizo, andika jambo hilo; akina mama karanga, yaani wakaangaji wa samaki, na wachuuzi waliokuwa ufuoni wanaweza kuapa nani alikuwapo na nani hakuwapo.

Onyo: usijenge kesi juu ya kasoro moja ndogo isiyomdhuru mtu. Notisi iliyokosewa tahajia ya jina lako haitakurudisha kitini.

Hatua ya 2: Jibu notisi kwa maandishi, kabla ya mkutano

Wengi hunyamaza wakidhani kwamba kujibu ni kuukubali mkutano. Sivyo. Sheria ya mwaka 2015 inakupa haki ya kupewa notisi ya kutosha yenye sababu, kupewa nafasi ya kujitetea, na kuonyeshwa ushahidi utakaotumiwa dhidi yako. Tena sheria hiyo haibani ofisi za serikali peke yake. Inamgusa pia asiye wa serikali ambaye uamuzi wake unaathiri haki za mtu. Zidai haki hizo mapema. Barua inaweza kuwa fupi kama hii:

"Kwa Katibu. Nimepokea leo notisi ya mkutano uliopangwa kufanyika tarehe 9. Notisi haitaji tuhuma zozote dhidi yangu, na ni ya siku sita ilhali kifungu cha 12 cha katiba yetu kinataka siku kumi na nne. Naomba, kwanza, nipewe tuhuma kwa maandishi. Pili, nipewe nakala za hesabu na ushahidi wowote mtakaoutegemea. Tatu, mkutano uahirishwe hadi muda wa notisi utimie. Nitahudhuria na kujitetea. Kuhudhuria kwangu hakumaanishi kwamba nimekubali kuwa mkutano umeitishwa kihalali."

Sentensi hiyo ya mwisho usiiache. Peleka nakala kwa afisa wa uvuvi wa kaunti, au kwa ofisi yoyote inayosimamia kikundi chako.

Hatua ya 3: Hudhuria, pinga, na hakikisha imeandikwa

Kiongozi anayesusia mkutano hujidhuru mwenyewe, kwa kuwa wapinzani wake watamwambia jaji kwamba alipewa nafasi ya kusikizwa akaikataa. Nenda. Toa pingamizi lako mwanzoni, kabla ya ajenda kufunguliwa, na umwombe katibu aliandike. Asipoandika, tuma siku hiyo hiyo ujumbe unaosema: "Leo saa nne asubuhi nilitoa pingamizi kuhusu akidi, na mwenyekiti wa kikao akakataa lisiandikwe." Ujumbe wenye tarehe na saa una uzito kuliko kumbukumbu ya mtu miezi sita baadaye.

Ukinyimwa nafasi ya kusema, usipigane wala usinyakue kitabu cha kumbukumbu. Picha ya mwenyekiti akivutana juu ya kitabu cha kikundi itatangulia kesi yako mahakamani.

Hatua ya 4: Maliza ngazi za ndani, au eleza kwa nini huwezi

Hapa ndipo kesi nyingi hufia, na hufa mapema, hata kabla jaji hajasikia lolote kuhusu mkutano wenyewe. Tangu uamuzi wa Spika wa Bunge la Taifa dhidi ya Karume wa mwaka 1992, mahakama zetu zimeshikilia kwamba sheria ikiweka njia maalumu ya kutatua mgogoro, njia hiyo ifuatwe kwanza. Mahakama ya Rufani ilirudia jambo hilo mwaka 2015 katika mgogoro wa kanisa, kesi ya Geoffrey Muthinja, na Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala, katika kifungu chake cha 9, inamkataza jaji kusikiliza ombi kabla taratibu za ndani hazijamalizwa.

Kwa hivyo uliza: je, katiba ya kikundi ina kamati ya nidhamu, ya wazee au ya usuluhishi? Je, kuna rufaa kwa afisa wa uvuvi au kwa msajili? Kama ipo, ikate rufaa hiyo ndani ya muda uliowekwa, hata ukiwa na hakika kwamba utashindwa. Ikiwa chama chako ni cha ushirika, kama vile sacco, mlango wako ni Mahakama Maalumu ya Ushirika, na Mahakama Kuu itakurudisha huko. Ikiwa kiini cha mgogoro ni ardhi ya jamii, tazama Sheria ya Ardhi ya Jamii ya mwaka 2016 na Mahakama ya Mazingira na Ardhi.

Kifungu hicho hicho cha 9 kinaacha mlango wa dharura: katika mazingira ya kipekee, na kwa ombi lako, jaji anaweza kukuondolea sharti hilo. Ikiwa walioketi kusikiliza rufaa ya ndani ndio wale wale waliokuondoa, au ikiwa kamati ya rufaa haijaundwa tangu kikundi kisajiliwe, sema hivyo katika hati ya kiapo na uombe ruhusa waziwazi. Usimwachie jaji agundue mwenyewe.

Hatua ya 5: Chagua njia moja

Njia kuu katika Mahakama Kuu ni mbili, na anayezichanganya hupata tabu.

Ya kwanza ni mapitio ya kimahakama chini ya Agizo la 53 la Kanuni za Kesi za Madai. Utaomba kwanza ruhusa ya mahakama. Ukiipata, ombi lenyewe liwasilishwe ndani ya siku 21, na wahusika wapewe hati angalau siku nane kamili kabla ya kusikizwa. Ikiwa unataka uamuzi ubatilishwe, ombi la ruhusa lazima lifike ndani ya miezi sita tangu uamuzi ufanywe. Jaji anaweza pia kuelekeza kwamba ruhusa hiyo iwe zuio la utekelezaji.

Ya pili ni ombi la kikatiba, ukidai kwamba haki zako chini ya vifungu vya 47 na 50 vya Katiba, yaani haki ya kutendewa haki kiutawala na haki ya kusikizwa, zimevunjwa, kwa kufuata kanuni za mwaka 2013 ambazo mawakili huziita Kanuni za Mutunga. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu, katika kesi ya Dande, ilieleza tofauti yake: anayekuja kwa Agizo la 53 hupimiwa utaratibu, ilhali anayekuja kwa mlango wa Katiba anaweza kuifanya mahakama itazame pia uzito wa uamuzi wenyewe.

Kwa maoni yangu, mwenyekiti mwenye kasoro za notisi na akidi zinazoonekana kwenye karatasi anafaa kushika njia ya kwanza, kwa kuwa ni nyembamba na hoja zake hazipotei. Anayedai kwamba alilengwa kwa sababu ya jinsia, dini au asili yake ashike ya pili. Lakini aseme kwa usahihi ni haki ipi iliyovunjwa, na namna gani. Tangu kesi ya Anarita Karimi Njeru ya mwaka 1979, ombi linalotaja vifungu kumi bila kueleza vilivunjwa vipi halipokelewi vizuri.

Hatua ya 6: Washtaki wanaostahili

Kikundi kisicho na hadhi ya kisheria ya kujitegemea hakishtakiwi kwa jina lake. Taja maafisa kwa majina yao na ueleze kwamba unawashtaki kwa nafasi zao kama viongozi wa kikundi. Ongeza afisa wa serikali ikiwa tu yeye ndiye aliyeidhinisha uamuzi au anakaribia kusajili viongozi wapya. Aliyechaguliwa kukalia kiti chako mtaje kama mhusika mwenye maslahi, la sivyo atakuja baadaye kulalamika kwamba hakusikizwa, na atakuwa na haki.

Hatua ya 7: Andaa hati ya kiapo

Hii ndiyo kesi yako. Ieleze kwa mpangilio wa tarehe, aya moja kwa tukio moja, na kila aya ishikane na kiambatisho. Aya mbaya husema: "Wapinzani wangu ni wafisadi na walinifanyia hila." Aya nzuri husema: "Tarehe 3 saa kumi jioni niliona notisi imebandikwa kwenye nguzo ya banda. Nakala yake ni kiambatisho cha 4. Haina sababu wala sahihi ya katibu."

Mambo matatu huwashtua wageni wa mahakama. La kwanza ni lugha. Sheria yetu ya kesi za madai inasema lugha ya Mahakama Kuu ni Kiingereza, ilhali mikutano yetu karibu yote huandikwa kwa Kiswahili. Kumbukumbu, notisi na barua za Kiswahili ziambatishwe pamoja na tafsiri, na kama wewe mwenyewe hukielewi Kiingereza vizuri, hati ya kiapo ionyeshe kwamba ulisomewa na kufafanuliwa kabla ya kutia sahihi. Usitie sahihi maneno ambayo huwezi kuyaeleza ukiulizwa.

La pili ni ujumbe wa WhatsApp. Siku hizi notisi hutumwa kwenye kundi la simu, na picha za skrini huletwa zikiwa tupu. Kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi kinataka cheti kinachoeleza ushahidi huo wa kielektroniki ulitolewa kwenye chombo gani, vipi, na na nani. Cheti hicho ni ukurasa mmoja. Kukikosa kunaweza kukugharimu ushahidi wote.

La tatu ni kiapo chenyewe. Tia sahihi mbele ya kamishna wa viapo, na hakikisha viambatisho vyote vimepigwa muhuri na kupewa nambari. Sahihi iliyotiwa nyumbani na kupelekewa muhuri baadaye ni zawadi kwa wakili wa upande wa pili.

Hatua ya 8: Wasilisha, kwa hati ya dharura ikihitajika

Hati siku hizi huwasilishwa kwa mfumo wa mtandao wa Idara ya Mahakama, ambao tangu mwaka 2024 unatumika nchi nzima. Fungua akaunti, chagua Mahakama Kuu ya Mombasa na kitengo sahihi, pakia hati, lipa ada iliyokadiriwa kwa simu, kisha usubiri nambari ya kesi. Ukikwama, nenda masijala ukasaidiwe. (Masijala haiko katika lile jengo kongwe la mahakama la mwaka 1902 karibu na Fort Jesus, ingawa bado wapo wanaopotelea huko, hilo limebaki kuwa sehemu ya makumbusho.) Njiani jihadhari na madalali wa kesi wanaojifanya mawakili; jina la wakili wa kweli hupatikana katika orodha ya Chama cha Mawakili nchini.

Ikiwa mkutano ni wa kesho kutwa au viongozi wapya wanakaribia kukabidhiwa akaunti ya benki, ambatisha hati ya dharura inayoeleza ni madhara gani yatatokea na kwa nini hayatarekebishika. Hapo ndipo unapoomba amri ya muda ya kuhifadhi hali iliyopo. Mahakama ya Juu, katika kesi ya Munya ya mwaka 2014, ilisisitiza kwamba amri za namna hii hupimwa pia kwa maslahi ya umma. Mweleze jaji kwa nini wavuvi wote, na si wewe pekee, watapata hasara.

Ukinyimwa wakili kwa kukosa fedha, jaribu Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria, au mashirika ya haki yanayohudumu hapa Mombasa kama vile MUHURI na Kituo cha Sheria. Katiba, katika kifungu cha 22, inairuhusu mahakama kupokea hata hati isiyo rasmi pale inapolazimu, ingawa ushauri wangu ni kwamba hilo liwe kimbilio la mwisho.

Hatua ya 9: Wafikishie hati, haraka na kwa ushahidi

Jaji akiisha kutoa maelekezo, wape wahusika hati zote pamoja na amri, kwa njia aliyoiruhusu. Kisha aliyewapelekea aape hati inayoonyesha nani alipokea, wapi na saa ngapi. Kesi nyingi huahirishwa kwa sababu hii peke yake, na kila ahirisho ni wiki kadhaa za viongozi wapya kuzoea kiti.

Hatua ya 10: Siku ya kusikizwa

Fika mapema, au ingia kwa kiungo cha mtandao kilichotolewa kwenye orodha ya kesi za siku. Mara nyingi jaji ataelekeza pande zote ziandike hoja zao kwa idadi fulani ya kurasa. Heshimu idadi hiyo. Sheria ya mwaka 2015 inataka maombi haya yaamuliwe ndani ya siku 90 tangu kuwasilishwa, na si ukosefu wa adabu kumkumbusha jaji kwa upole.

Tarajia nini

Mahakama ikikupa ushindi, kwa kawaida itabatilisha uamuzi wa mkutano na kuagiza utaratibu ufuatwe. Haitawakataza wanachama wasikuondoe tena kwa njia halali. Aliyekuwa gavana wa Embu, Martin Wambora, aliondolewa mapema mwaka 2014, Mahakama Kuu ikabatilisha, na mwaka huo huo bunge la kaunti likapiga kura ya kumwondoa kwa mara ya pili, akalazimika kurudi mahakamani. Yeye alivuka, akachaguliwa tena mwaka 2017. Wengine hawakuvuka: Mike Sonko, aliyekuwa gavana wa Nairobi, alipoteza rufaa yake ya kupinga kuondolewa kwake katika Mahakama ya Juu tarehe 15 Julai 2022, na kwa hivyo akakosa kuwania ugavana wa Mombasa. Kwa hivyo pima idadi ya wanaokuunga mkono kabla ya kutumia fedha. Ikiwa robo tatu ya kikundi haikutaki, mahakama inaweza kukununulia miezi michache tu, na huenda ukalipa gharama.

Yakitokea haya, fanya hivi

*Mkutano ulifanyika kabla hujapata amri.* Badilisha ombi lako. Usiendelee kuomba mkutano uzuiwe. Omba uamuzi wake ubatilishwe na utekelezaji usimamishwe.

*Umepata amri ya muda, kisha upande wa pili unaomba iondolewe.* Hilo ni la kawaida. Oktoba 2024 nchi nzima ilitazama amri zilizotolewa Kerugoya kuhusu kuondolewa kwa naibu wa rais, Rigathi Gachagua. Hazikumaliza wiki mbili, na mrithi wake akaapishwa tarehe 1 Novemba. Andaa majibu siku ile ile unapoipata amri, wala usisherehekee kwa matarumbeta.

*Wameipuuza amri.* Hakikisha kwanza kwamba amri iliyopigwa muhuri iliwafikia wao wenyewe, ikiwa na onyo la adhabu. Bila ushahidi huo, ombi la kuwaadhibu kwa kudharau mahakama litaanguka.

*Benki haijui imsikilize nani.* Iandikie ukiambatisha amri, na upendekeze akaunti ibaki bila kuguswa isipokuwa kwa mishahara na mafuta ya boti ya doria. Usitoe fedha ukiwa peke yako hata kama sahihi yako bado inakubaliwa.

*Miezi sita imepita.* Njia ya Agizo la 53 ya kubatilisha uamuzi imefungwa. Ombi la kikatiba halina kikomo hicho, lakini utaulizwa ulikuwa wapi muda wote, na jibu lako liwe ndani ya kiapo.

*Muhula wako umekwisha kesi ikiendelea.* Kukurudisha hakuwezekani tena. Zungumza na wakili kuhusu kuomba tamko kwamba uliondolewa isivyo halali, hasa ikiwa katiba ya kikundi inamzuia aliyeondolewa asigombee tena.

*Umeshindwa.* Notisi ya rufaa kwenda Mahakama ya Rufani iwasilishwe ndani ya siku 14 tangu uamuzi, na kumbukumbu ya rufaa ndani ya siku 60 tangu notisi hiyo. Omba nakala ya uamuzi na ya mwenendo wa kesi kwa barua siku hiyo hiyo, na uwape upande wa pili nakala ya barua, kwa sababu siku ambazo masijala itachukua kuandaa nakala hizo hazihesabiwi dhidi yako ikiwa tu barua hiyo iliandikwa na kufikishwa kwao kwa wakati.